Kesi ya tange (orodha ya nani mkubwa kazini) inafunguliwa mahakama ipi? Mawakili watatu wamenipa majibu matatu

Afisa_Ugani12

Wakuu habari za jioni, naombeni msaada wa mawazo maana hapa nilipofika kichwa kinauma na siku zinakwenda.

Mimi ni dada, ni afisa kilimo kwenye halmashauri moja ambayo sitaitaja. Niliajiriwa Septemba 2012 kwenye halmashauri nyingine, nikathibitishwa 2013, na 2016 nilikuwa na barua ya kupanda kwenda TGS E (ngazi ya mshahara serikalini) ndo zikaja zile habari za uhakiki wa vyeti na watumishi hewa, barua zikasitishwa tukabaki hivo hivo wote. 2018 nikaomba uhamisho kumfuata mume nikaja huku niliko sasa. 2021 wakaanza kupandisha tena nikapata E, sawa, nikasema Mungu mkubwa. Sasa mwaka huu imetoka tange ya kada yetu nikajikuta namba 14. Watu walioajiriwa 2015, wengine nimewapokea mimi mwenyewe kwa barua zao za mafunzo kwa vitendo kule nilikotoka, wapo namba 5 mpaka 9. Kuangalia vizuri nikaona safu ya tarehe ya ajira kwangu wameandika 2018, yani siku niliyoripoti hapa. Miaka sita imepotea hivi hivi kwa kalamu ya mtu. Na kwenye orodha ya mserereko (kupandishwa kwa waliocheleweshewa madaraja) sipo, wao wapo.

Nikaandika barua kwa Mkurugenzi mwezi wa pili. Kimya. Nikakumbusha. Majibu yamekuja yameandikwa tarehe 8 Julai, nimeyapokea mkononi 22 Julai, wanasema ukubwa wangu kazini unahesabiwa tangu niliporipoti kituo hiki kwakuwa uhamisho ulikuwa kwa maombi yangu mwenyewe. Mstari mmoja tu, hakuna kanuni wala waraka waliotaja.

Nimeongea na mawakili. Wa kwanza kasema nenda CMA (Tume ya Usuluhishi na Uamuzi ya migogoro ya kazi) jaza fomu namba moja. Wa pili kasema hapana, CMA ni ya waliofukuzwa, hii ni Mahakama Kuu Divisheni ya Kazi moja kwa moja. Wa tatu, huyu ndo kanitisha, kasema huu ni ubaguzi, ni ibara ya 13 ya Katiba kwahiyo wakae majaji watatu, na ada aliyonitajia siwezi kuiandika hapa. Sasa ni yupi? CMA, jaji mmoja au majaji watatu? Sitaki kupoteza miaka mingine kwa kukosea mlango.

Mlinda_Ghala

Dada pole sana. Mi nakuomba kitu kimoja tu, USIENDE CMA kabla hujasoma nilichoandika hapa.

Mi nilikuwa mtumishi wa taasisi moja ya umma, yangu haikuwa tange ilikuwa kuachishwa, lakini mlango ni ule ule uliokosewa. Nilifungua CMA 2019. Tulisuluhishwa ikashindikana, tukaenda uamuzi, 2020 nikapewa tuzo (ndo wanavyoita uamuzi wa CMA), nikashinda, nikawapigia simu mpaka wajomba kijijini. Mwajiri akapeleka mapitio Divisheni ya Kazi. Kule ikakaa, ikaahirishwa, ikakaa, alafu 2022 Mahakama ya Rufani ikatoa uamuzi kwenye kesi ya mtu mwingine kabisa kwamba mtumishi wa umma haendi CMA kabla hajamaliza njia za Sheria ya Utumishi wa Umma. Wakili wa serikali akasimama na hiyo hukumu mkononi, dakika kumi tu, mwenendo wote na tuzo yangu vikabatilishwa. Sio kwamba nilikuwa sina haki, hakuna aliyesema sina haki, hakuna hata aliyefika kwenye hilo swali. Walisema tu nilikaa kwenye chumba ambacho hakikuwa na mamlaka ya kunisikiliza.

Miaka mitatu hiyo dada. Na pesa za nauli sijahesabu.

KiapoNaKalamu

Naungana na mkuu hapo juu na pole kwa yaliyokupata, wapo wengi sana wa aina yako, ile hukumu ilifagia majalada mengi.

Dada Afisa_Ugani, ngoja nieleze kwa utaratibu kidogo maana mawakili wako watatu kila mmoja kashika kipande cha ukweli, ndo maana wanakuchanganya.

Wa CMA hajatunga. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 kifungu cha 2 kinasema kabisa inawahusu wafanyakazi wote wa Tanzania Bara pamoja na walioko kwenye utumishi wa serikali, walioachwa nje ni jeshi, polisi, magereza na JKT. Kwahiyo kwa miaka mingi watumishi wa umma walikwenda CMA na walisikilizwa. Kilichobadilika ni 2016, Bunge likaongeza kifungu cha 32A kwenye Sheria ya Utumishi wa Umma, Sura ya 298. Kinasema mtumishi wa umma kabla hajatafuta nafuu zilizoko kwenye sheria za kazi amalize kwanza nafuu zote zilizoko kwenye sheria hiyo ya utumishi. Baada ya hapo majaji wa Mahakama Kuu wenyewe waligawanyika, wengine wakawa wanaona CMA bado ina mamlaka, wengine hapana. Mahakama ya Rufani ikamaliza ubishi Machi 2022 ikiwa Mtwara, Rufaa ya Madai namba 12 ya 2022, mwajiri alikuwa Shirika la Posta. Ikasema CMA haikuwa na mamlaka. Ipo TanzLII (tovuti ya hukumu za Tanzania) bure, isome mwenyewe usiku mmoja, ni ya Kiingereza lakini inaeleweka.

Sasa swali lako la jaji mmoja au watatu limekuja mapema. Mahakama inayofaa inategemea vitu viwili, nani ametoa uamuzi unaoulalamikia na unaomba nini. Kwa sasa aliyetoa uamuzi ni mwajiri wako. Juu yake ipo Tume ya Utumishi wa Umma, Dodoma. Wewe hujafika huko. Ukienda mahakama yoyote leo, iwe ya jaji mmoja iwe ya watatu, pingamizi la awali litakuwa mstari mmoja tu, hajamaliza njia za ndani, na litakubaliwa.

Kwahiyo Tume kwanza. Rufaa kwa Tume ni siku 45 tangu ulipopokea uamuzi. Umepokea 22 Julai, hesabu vizuri, mwisho wako ni tarehe 5 Septemba. Usihesabu kwa miezi, hesabu siku kwa kidole kwenye kalenda.

Usiporidhika na Tume, kwa mambo yanayokatiwa rufaa juu zaidi unakwenda kwa Rais, na yeye uamuzi wake ndo wa mwisho kiutawala. Baada ya hapo sasa ndo Mahakama Kuu inaingia, kwa njia ya mapitio ya mahakama, yale maombi ya kufuta uamuzi au kumlazimisha kiongozi atimize wajibu wake. Hayo yanasikilizwa na JAJI MMOJA. Unaanza kwa kuomba kibali, kanuni za 2014 zinataka uombe ndani ya miezi sita tangu uamuzi, na ukipewa kibali una siku 14 za kuleta maombi yenyewe. Kwenye kibali jaji anaangalia mambo machache tu, je kuna hoja ya kusikiliza, umewahi muda, jambo linakugusa wewe, na je kulikuwa na njia nyingine ambayo hukuipita. Hilo la mwisho ndo linaturudisha Tume.

NyundoMezani

Kiapo nakuheshimu sana mkuu lakini hapa nakupinga kidogo, na nakupinga kwa faida ya dada asije akapotea kwa upande mwingine.

Kisome kifungu cha 25 cha hiyo Sura 298 taratibu. Kinaongelea mamlaka ya NIDHAMU. Kushushwa cheo, kupunguzwa mshahara, kufukuzwa. Dada hajashtakiwa nidhamu, hakuna hati ya mashtaka, hakuna kamati ya uchunguzi, wamekosea tarehe kwenye tange basi. Sasa hiyo rufaa anayokata ni ya kifungu gani? Na kama sheria haikumpa rufaa, ile 32A inamtaka amalize nafuu gani ambayo haipo? Mtu hawezi kuambiwa apite mlango ambao haujajengwa. Mi naona hapa moja kwa moja ni mapitio Mahakama Kuu, na barua ya 8 Julai ndo uamuzi wenyewe, miezi sita inaanzia hapo.

Na kuhusu Divisheni ya Kazi, yule wakili wa pili msimdharau. Sheria ya Taasisi za Kazi kifungu cha 51 kinaipa divisheni mamlaka ya pekee kwenye mambo ya ajira yanayotokana na mkataba na kadhalika. Ukubwa kazini ni jambo la ajira au sio jambo la ajira?

KiapoNaKalamu

Hoja nzuri sana Nyundo na nafurahi umeileta, hii ndo sehemu ngumu ya kesi ya huyu dada.

Ni kweli 25 ni ya nidhamu, sibishi. Lakini usisome 25 peke yake, rudi nyuma kifungu cha 10, kazi za Tume. Pale wamepewa kupokea na kushughulikia rufaa dhidi ya maamuzi ya mamlaka za nidhamu NA ya wale wengine waliokasimiwa madaraka. Mkurugenzi anapopanga tange na kupandisha watu anatumia madaraka ya mamlaka ya ajira, hajajitungia nyumbani kwake. Na kwa vitendo Tume inapokea vitu viwili, rufaa na malalamiko, mambo ya kutopandishwa daraja na kurukwa yanapelekwa kama malalamiko kila siku. Kwahiyo mlango upo, labda bawaba zake zinapiga kelele tu.

Lakini chukulia wewe uko sahihi na mimi nimekosea. Dada anapoteza nini akienda Tume kabla ya 5 Septemba? Bahasha na nauli. Na chukulia mimi niko sahihi na yeye akakusikiliza wewe, anapoteza nini? Miezi sita inamwishia akiwa anabishania pingamizi mahakamani, maombi yanaondolewa, akirudi Tume siku 45 zimeshapita zamani anaanza kuomba kuongezewa muda na kueleza alikuwa wapi. Mizani hiyo haiko sawa hata kidogo.

Kuhusu Divisheni ya Kazi. Kazi yake kubwa kwenye haya mambo ni kupitia maamuzi ya CMA, zile siku 42 baada ya tuzo, na yale ambayo sheria za kazi zimeyatenga yaende kwake. Hicho kifungu cha 51 nacho kinaanza kwa kutaja sheria za kazi. Malalamiko ya dada chanzo chake sio sheria za kazi, ni madaraka ya umma yaliyotumika vibaya chini ya Sheria ya Utumishi wa Umma. Kinachompeleka Mahakama Kuu ni ile Sura ya 310 inayohusu amri za mapitio, na hayo unafungua masjala ya Mahakama Kuu ya kanda yako, au Masjala Kuu Dodoma. Ni Mahakama Kuu ile ile lakini meza tofauti, na ukikosea meza utajibishana na makarani na mawakili wa serikali mwezi mzima bila sababu.

MstaafuUtumishi

Binti yangu, shikamoo zako nimezipokea hata kama hukuziandika. Mimi nimekaa ofisi ya utumishi miaka mingi kabla ya kustaafu, tange nimeziandaa kwa mkono tangu enzi za madaftari makubwa mpaka zikaja kompyuta, kwahiyo nitasema ya upande wangu na sheria nawaachia hawa vijana.

Kwanza nataka uelewe tange ni nini machoni pa afisa utumishi. Ni orodha tu. Inapangwa kwa kada, halafu kwa cheo, halafu tarehe ya kupanda cheo ulichonacho, mkigongana hapo inaangaliwa cheo cha nyuma yake, mkigongana tena tarehe ya ajira ya kwanza, wengine wakigongana mpaka hapo wanaangalia umri. Sasa wewe na hao wa 2015 wote mmepata E 2021. Mnagongana. Kwahiyo tarehe ya ajira ya kwanza ndo inayowatenganisha, na ndio maana hiyo 2018 imekuumiza kiasi hicho. Ingekuwa mmepanda tarehe tofauti wala usingeigundua.

Pili, kuna kuhama kituo na kuna kubadili kada, watu wanachanganya hivi vitu viwili kila mwaka. Mtu akibadili kada, mfano alikuwa mtendaji wa kijiji akasoma akawa afisa maendeleo, huyo kweli anaanza chini kwenye kada mpya, anaweza kubaki na mshahara wake binafsi lakini ukubwa anaanza upya. Wewe hukubadili kada. Ulikuwa afisa kilimo ukabaki afisa kilimo, mwajiri wa juu ni yule yule, chek namba yako (ile namba ya mtumishi kwenye mishahara) ni ile ile. Mimi nahisi aliyekuandikia alichukua utaratibu wa kubadili kada akauvalisha uhamisho. Au hakuwa na faili lako la wazi na la siri kutoka ulikotoka, akaona taarifa ya kuripoti tu akaandika hiyo. Nimeona haya mara nyingi mno, faili linachelewa kufuata mtu mwaka mzima, wakati mwingine halifiki kabisa.

Kwahiyo kabla ya yote omba kwa barua kopi ya taarifa zako zilivyo kwenye mfumo wa mishahara, angalia kule tarehe ya ajira inasomekaje. Kama mfumo unasema 2012 na tange inasema 2018 basi serikali inajipinga yenyewe, hiyo ni karatasi yenye nguvu kuliko maneno ya wakili yeyote. Barua ya ajira ya kwanza, barua ya kuthibitishwa, ile barua ya 2016 hata kama ilisitishwa, kibali cha uhamisho, vyote weka pamoja.

Afisa_Ugani12

Shikamoo mzee, na samahani kwa kutoanza na salamu. Nimesoma yote mara mbili.

Nimeingia kwenye akaunti yangu ya mtumishi sasa hivi, tarehe ya ajira ya kwanza inasomeka Septemba 2012. Nimekaa naangalia skrini machozi yananitoka. Yani ipo, siku zote ipo.

Naomba kuuliza mawili. Kama Tume wakikubali, ndo nitakuwa nimepanda mserereko? Na yule wakili wa majaji watatu je, alinidanganya?

KiapoNaKalamu

Dada jikaze, hiyo karatasi uiprinti leo leo.

La majaji watatu hakukudanganya, kakupa dawa ya ugonjwa mwingine. Ukifungua shauri la haki za msingi chini ya Sheria ya Utekelezaji wa Haki na Wajibu, Sura ya 3, kwamba ibara fulani kati ya 12 na 29 ya Katiba imevunjwa, ndo kifungu cha 10 kinataka Mahakama Kuu iwe na majaji watatu wa kusikiliza, ingawa jaji mmoja anaweza kuangalia mwanzoni kama shauri ni la msingi au ni la usumbufu. Watu wanaona watatu ni heshima kubwa zaidi ya mmoja, wanadhani uamuzi utakuwa na nguvu zaidi. Sio hivo. Sheria hiyo hiyo kifungu cha 8 kinasema kama kuna njia nyingine ya kutosha ya kupata nafuu kwenye sheria nyingine, mahakama haitatumia madaraka yake. Na wewe njia nyingine unayo, tumeitaja mara kumi hapa. Kesi ya majaji watatu ni pale unaposema sheria yenyewe au waraka wenyewe unavunja Katiba kwa watu wote, mfano ungekuwepo waraka unaosema kila anayemfuata mwenzi wake anapoteza miaka ya kazi. Kwako hawajataja waraka wowote, na hilo la kutotaja ni hoja yako nzuri, uamuzi hauna sababu.

Baadae huko, jaji mmoja akikukatalia, unakata rufaa Mahakama ya Rufani, na kule ndo utakuta watatu kwa kawaida bila kuomba.

La kwanza sasa. Tume inaweza kuagiza mwajiri arekebishe. Lakini mahakama, nisikilize vizuri hapa, mahakama kwenye mapitio HAIKUPANDISHI daraja. Jaji hatachukua kalamu akuweke namba 5. Atafuta uamuzi mbovu na kuamuru aliyeufanya arudi aufanye upya kwa kufuata sheria na kwa kukusikiliza. Wengi wanashinda mahakamani wanarudi nyumbani wanasubiri mshahara mpya, haupo, wanadhani wamedhulumiwa mara ya pili. Na kama unataka malimbikizo ya mshahara, hayo ni madai ya pesa, ni shauri lingine la kawaida dhidi ya serikali, lina notisi yake ya siku 90 na Mwanasheria Mkuu lazima aunganishwe. Usiyachanganye kwenye karatasi moja.

NyundoMezani

Nakubali hoja ya mizani, Kiapo umenishinda hapo. Dada peleka Tume. Ila naongeza, kwenye Tume andika kichwa cha habari RUFAA NA MALALAMIKO, vyote viwili, ili asije mtu akakwambia umeita kwa jina lisilo lake. Na kifungu cha 10 kitaje mwanzoni kabisa.

Na barua za kukumbushia hazisimamishi muda. Watu wanakaa wanaandika kumbukumbu namba moja, namba mbili, namba tano wakidhani saa imesimama, kumbe inatembea tangu jibu la kwanza.

Mwanakaunti

Poleni majirani, niko huku Kenya, Kisumu, nimefuata hii mada kwa sababu tulipitia kitu kinachofanana sana hapa kwa kaunti.

Sisi Katiba ya 2010 kifungu cha 162 kilituundia korti maalum ya ajira na uhusiano wa kazi, yenye hadhi sawa na Mahakama Kuu, na Mahakama ya Upeo ikasema 2017 kwenye kesi ya Karisa Chengo kwamba hizo korti ni tofauti kabisa, jaji wa moja hawezi kukaa kwa nyingine akasikiliza kesi zake. Kwa hivyo kwetu swali la meza gani ni la kufa na kupona. Lakini hata hivyo mfanyakazi wa kaunti akikosana na bodi ya utumishi ya kaunti kuhusu kupandishwa cheo hawezi kukimbia huko moja kwa moja, sheria ya serikali za kaunti kifungu cha 77 inamtaka akate rufaa kwanza kwa Tume ya Utumishi wa Umma, siku tisini. Wenzangu wanne walikimbilia korti, wakarudishwa. Mimi nilienda Tume. Kwa hivyo dada hata huku ungekuwa, jibu la kwanza lingekuwa lile lile.

BaharAlHindi

Naomba kuuliza na mimi, niko Unguja, haya yanatuhusu?

KiapoNaKalamu

@BaharAlHindi hapana ndugu yangu, Zanzibar mna Sheria yenu ya Utumishi wa Umma ya 2011 na tume yenu. Fungua mada yako tutakujibu, usitumie siku 45 za hapa utajiumiza.

Mlinda_Ghala

Mi nimesoma hapa mpaka usiku. Laiti ningeuliza 2019 kama dada alivyouliza. Dada usimlipe yule wa majaji watatu.

Afisa_Ugani12

Wakuu nimerudi na mrejesho, naona ni haki mjue.

Leo ni tarehe 19 Agosti. Rufaa na malalamiko nimeyaandika mwenyewe kurasa nne, mume kanisaidia kuchapa, kichwa cha habari kama alivyosema Nyundo. Nimeambatanisha barua ya ajira ya 2012, ya kuthibitishwa, ile ya 2016, kibali cha uhamisho, kurasa ya mfumo inayosema 2012, tange yenye 2018, na jibu la 8 Julai. Nimeandika na tarehe niliyolipokea maana kitabu cha kupokelea barua kina sahihi yangu. Ninachoomba nimeandika kitu kimoja tu, tange irekebishwe tarehe yangu ya ajira isomeke Septemba 2012 na nafasi yangu ihesabiwe upya. Malimbikizo sijagusa. Kopi ya mwajiri naipeleka kesho asubuhi, ya Tume nasafiri nayo Dodoma mwenyewe Alhamisi.

Kuna mwenzangu wa 2015 aliye namba 6 amenifuata leo ofisini akaniuliza kama nataka kumshusha. Nimemwambia sina shida na yeye, namba sita akae, mimi nataka miaka yangu. Sijui kama alielewa.

MstaafuUtumishi

Vizuri sana binti. Kesho ukipeleka kopi ya mwajiri usiache kwa karani mkono mtupu. Nenda na kopi mbili, moja wapige muhuri wa masjala wenye tarehe na karani asaini jina lake, hiyo unaondoka nayo. Wakikwambia muhuri hauna wino, kaa hapo kwenye benchi mpaka wino upatikane. Dodoma hivyo hivyo.

Na huyo mwenzako namba 6, ukipata nafasi mwonyeshe ile kurasa ya mfumo. Nimeshaona tange zikirekebishwa na watu wa chini wenyewe wakasaini kuthibitisha kwamba fulani ni mkubwa kwao. Andika hapa Tume wakikujibu.